Nani Anamcheka Mshamba?

Miaka kumi hivi kabla hajawa Waziri Mkuu wa Tanganyika, Rashidi Mfaume Kawawa aliwachekesha watu kwa kuigiza mshamba. Filamu yenyewe iliitwa Muhogo Mchungu. Ilitengenezwa mwanzoni mwa miaka ya 1950, na kisa chake hata asiyeiona anaweza kukikisia: mtu wa shamba anaingia Dar es Salaam, na mji unamzidi maarifa. Kawawa wakati huo alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, mtumishi wa serikali katika idara ya maendeleo ya jamii. Serikali ya kikoloni ilikuwa imeileta kampuni ya African Film Productions kutoka Johannesburg ije kutengeneza filamu za Kiswahili zenye waigizaji Waafrika. Katika fungu hilo zimo pia Chalo Amerudi, Wageni Wema na Meli Inakwenda.

Kichekesho cha aina hii nataka kukitazama nikiwa Saadani, kijiji cha wavuvi na wavuna chumvi kaskazini ya Bagamoyo. Sababu yangu ni kwamba Saadani imewahi kukaa pande zote mbili za mzaha huu. Ilikuwa mji ukimcheka anayetoka bara, kisha ikawa kijiji kinachotoa watu wa kuchekwa Dar es Salaam. Mahali palipopita kote huko panatufundisha kitu ambacho mkazi wa jiji hawezi kukiona kwa urahisi.

Kwanza tukubaliane kwamba mzaha huu hatukuubuni sisi peke yetu. Kila nchi iliyojenga mji mkubwa kwa haraka ina mshamba wake kwenye sinema. Bombay alikuwepo Raj Kapoor katika Shree 420 ya mwaka 1955, kijana wa kutoka Allahabad anayeingia jijini na shahada yake na moyo safi, akakuta vyote viwili havinunui chakula. Filamu za Raj Kapoor zilipendwa mno Unguja na Dar es Salaam. Johannesburg kulikuwa na African Jim ya mwaka 1949, iliyoongozwa na Donald Swanson: Jim anaporwa mara tu anapofika, anakuwa mhudumu, kisha mwimbaji. Japani nako, tetemeko kubwa la Septemba 1923 liliiangusha Tokyo, ikajengwa upya na reli za umeme, maduka makubwa, mikahawa na vitongoji vya makarani. Studio ya Shochiku iliyokuwa Kamata ikajaza majumba ya sinema vichekesho vya watu waliokuwa bado wanajifunza kuishi katika mji huo.

Kwa nini watu walikuwa wanacheka? Jibu jepesi ni kwamba watu wa mjini huwacheka watu wa shamba. Jibu hilo halitoshi, maana linadhani kulikuwa na watu wa mjini wa kutosha kujaza ukumbi. Sensa ya mwaka 1948 ilihesabu Dar es Salaam watu kama 69,000. Ile ya 1957 ilikuta zaidi ya 128,000. Kwa miaka tisa mji ulikuwa umekaribia kuwa mara mbili, na ongezeko kubwa hivyo haliwezi kuzaliwa wodini. Kwa hiyo ukumbini, wakati Kawawa anashangaa kwenye kitambaa cha sinema, sehemu kubwa ya waliokaa kwenye viti walikuwa wamefika majuzi kutoka Uzaramo, Rufiji, Uluguru, Unyamwezi. Tokyo ya miaka ya 1930 hali ilikuwa hiyo hiyo. Kicheko chao kilikuwa cha mtu aliyekwisha vuka mto akimtazama mwenzake ndiyo kwanza anavua viatu. Ndani yake mna nafuu, na mna woga mdogo wa kurudishwa ng'ambo ya pili.

Kichekesho chenyewe kinafanya kazi kwa njia ambazo si ngumu kuzieleza. Ipo ile ya kitu kigeni, pale mshamba anapokutana na bomba, taa ya umeme, lifti, gari linalopiga honi. Njia hii huchakaa upesi, maana kitu kikishazoeleka mzaha unakufa. Leo huwezi kumchekesha mtoto wa Saadani kwa kumwonyesha mtu anayeshangaa simu. Ipo ya utapeli, ambayo hudumu zaidi kwa kuwa matapeli hubadilisha zana tu: jana ilikuwa pata potea ya Kariakoo na pete ya shaba inayouzwa kama dhahabu, leo ni ujumbe wa simu unaokuambia tuma ile hela kwenye namba hii. Halafu ipo njia ya tatu, ya adabu. Hii ndiyo inayonivutia, na ndiyo isiyochakaa.

Mtu wa Saadani akitoka ufukweni kwenda msikitini hupita akisalimiana njia nzima. Mzee anapewa shikamoo yake. Mama anayeanika samaki anaulizwa habari za nyumbani na hali ya mgonjwa. Vijana wanaovuta ngalawa wanatakiwa kheri ya kazi. Kupita kimya ni kutangaza ugomvi. Sasa mchukue mtu huyo umshushe stendi ya Makumbusho saa kumi na mbili jioni, akiwa na tabia yake ileile. Anamsalimia kondakta, anamsalimia muuza maji, anampa shikamoo mzee aliyevaa suti ambaye hata kichwa hageuzi. Kufika njia ya kutokea amekwisha toa salamu kumi na kurudishiwa mbili. Ukiipiga picha tabia hiyo, watu watacheka. Lakini wanamcheka nani? Kwa sekunde chache za mwanzo wanamcheka yeye. Kamera ikimfuata kwa muda kidogo zaidi, kicheko kinaanza kuhama, kinamwendea yule wa suti. Mzaha wa bomba na lifti hauna uwezo huo. Bomba halina la kujibu, lakini mtu aliyenyimwa salamu anauliza swali ambalo ukumbi mzima unalifahamu.

Mjapani mmoja aliutengenezea mzaha huo wa adabu filamu nzima. Mwaka 1936 Shimizu Hiroshi alipeleka kamera katika rasi ya Izu, nchi ya milima na pwani kusini-magharibi ya Tokyo, akapiga picha ndani ya basi halisi kwenye barabara halisi. Dereva wa basi, aliyeigizwa na Uehara Ken, ana desturi ya kumshukuru kila anayempisha njiani: wabeba mizigo, wenye mikokoteni, watoto wa shule. Ndiyo maana wote wanamwita Arigatō-san, na filamu ikaitwa hivyo. Hadithi ilitoka kwa mwandishi Kawabata Yasunari. Ndani ya basi kuna mabishano madogo, kuna bwana mwenye masharubu anayejiona mkubwa, kuna mwanamke wa mjini mwenye ulimi mkali, na watazamaji wanacheka. Katika viti hivyo hivyo kuna mama anayempeleka binti yake Tokyo kuuzwa, kwa sababu nyumbani hakuna chakula. Tokyo yenyewe hatuioni kabisa. Tunaona njia ya kuiendea tu, na wote wanaosimama pembeni kupisha basi lipite.

Ninaitaja filamu hiyo kwa sababu inaonyesha chaguo ambalo kila mtengenezaji wa kichekesho cha namna hii lazima alifanye, apende asipende: kamera inasimama wapi? Ikisimama stendi ya mjini, mshamba anakuja kuelekea kwetu na tunamwona anavyotoka jasho. Ikipanda naye basi tangu kijijini, mji ndio unaokuja. Kisa ni kilekile, kicheko ni kingine.

Turudi Tanganyika, tuone kamera ilisimama wapi. Kabla ya Muhogo Mchungu kulikuwa na jaribio jingine, tena si mbali na Saadani. Mwezi Machi 1935, kwa fedha za shirika la Carnegie la New York na chini ya Baraza la Kimataifa la Misheni, kundi la Waingereza lilianza kutengeneza filamu Vugiri, kwenye milima ya Usambara juu ya Korogwe. Mkuu wa kazi hiyo, Meja L. A. Notcutt, alikuwa amewahi kusimamia shamba la mkonge. Mwenzake G. C. Latham alishughulikia upande wa elimu. Kwa miaka miwili walitengeneza filamu zipatazo 35, waigizaji wakiwa Waafrika, sauti ikitoka kwenye santuri zilizopigwa sambamba na picha. Filamu moja ilihusu benki ya akiba ya Posta. Mtu mmoja anafukia pesa zake ardhini na zinaibwa, mwenzake anaziweka Posta na anastarehe. Baadaye, mwaka 1944, Kitengo cha Filamu za Makoloni kilikuwa na filamu nyingine iliyojengwa hivyo hivyo, ya Bwana Mwerevu na Bwana Mjinga wanaokwenda mjini, safari hii somo likiwa ugonjwa wa zinaa.

Mjinga na mwerevu. Ukiwa na hao wawili, huhitaji kingine. Mjinga anachekwa, mwerevu anaigwa, na taa zinawashwa. Waliozitengeneza waliamini mtazamaji Mwafrika hawezi kufuata hadithi yenye mikunjo. William Sellers, aliyekiongoza kitengo hicho tangu kilipoanzishwa mwaka 1939, alifundisha kwamba picha ziende polepole, jambo moja kwa wakati mmoja, bila kuruka huku na huku. Hilo lilikuwa kosa, na ushahidi ulikuwa mbele ya macho yao: watu hao hao waliodhaniwa hawawezi kufuata picha za haraka walikuwa wakizilipia tiketi filamu za Chaplin na za Kihindi katika majumba ya sinema ya miji ya pwani, na kuzisimulia upya baraza nzima kesho yake.

Lakini kasi ya picha lilikuwa jambo dogo. Kubwa lilikuwa nia. Serikali ya kikoloni haikutaka mtu wa shamba akae mjini. Ilimhitaji kwenye mkonge, kwenye pamba, kwenye kodi. Mjini ilimhitaji kwa kiasi, na kwa muda. Vijana wasio na kazi Dar es Salaam waliitwa wahuni, wakakamatwa, wakarudishwa makwao. Ukilijua hilo, unaanza kuona kwamba kichekesho cha mshamba anayepotea mjini kilikuwa na kazi ya kufanya. Kilimwambia mtazamaji wa kijijini, kwa njia ya kumfurahisha: mji si wako, utaibiwa, utaaibika. Hata jina Chalo Amerudi linakupa mwelekeo ambao serikali iliupenda, ule wa kurudi.

Na bado watu walizipenda filamu hizo, na walimpenda Kawawa. Hapa mtu asiyewafahamu watazamaji wa kwetu anaweza kusema walidanganywa. Mimi sioni hivyo. Kilichokuwa kipya kwenye kitambaa ni mtu anayefanana nao, anayesema Kiswahili chao, amebeba hadithi nzima mabegani mwake. Muigizaji mzuri akipewa nafasi ya mjinga huwa hakubali kuwa mjinga tu. Anampa macho, anampa haya, anampa matumaini. Mwandishi wa sera anataka umcheke, muigizaji anafanya umpende. Nadhani uso huo wa Kawawa, uliozoeleka hivyo, ulimsaidia pale alipoingia katika vyama vya wafanyakazi na kuwa katibu mkuu wa kwanza wa Shirikisho la Wafanyakazi wa Tanganyika mwaka 1955. Januari 1962, Mwalimu Nyerere alipojiuzulu uwaziri mkuu ili akijenge chama, aliyekalia kiti hicho ni Kawawa.

Ozu Yasujirō ana filamu ya mwaka 1932, Umarete wa mita keredo, inayoeleza kwa uchungu kuliko andiko lolote ninalolijua jinsi kicheko kinavyokatika mtu anapomtambua anayechekwa. Familia imehamia kitongoji kipya cha Tokyo. Watoto wawili wa kiume wanaamini baba yao ndiye mkubwa kuliko wababa wote wa mtaa. Siku moja wanaalikwa nyumbani kwa bosi wake kutazama picha za sinema alizopiga bosi mwenyewe, na kwenye kitambaa anatokea baba yao akikunja uso, akifanya vituko ili kumfurahisha mwajiri. Chumba kizima kinacheka. Watoto nao wanacheka kidogo mwanzoni, halafu wanaacha. Wakirudi nyumbani wanagoma kula. Ukumbi uliokuwa ukicheka pamoja nao tangu filamu ilipoanza unajikuta umenyamaza, kwa sababu sasa umekwisha jua anayechekwa ni baba wa mtu.

Hilo ndilo jambo ambalo kijiji kinaelewa kabla ya mji. Gari la sinema la serikali lilipofika kwenye vijiji, mtu akawekewa kitambaa uwanjani na kuonyeshwa mshamba, aliyekuwa kwenye kitambaa alikuwa baba yake, au mjomba aliyekwenda Dar mwaka jana na hajaandika barua.

Sasa Saadani. Nilisema ilikaa pande zote mbili. Katika karne ya 19, kabla reli haijawekwa, Saadani ilikuwa bandari ya misafara, ikitazamana na Unguja na kushindana na Bagamoyo na Pangani. Wapagazi Wanyamwezi walishuka kwa maelfu wakiwa na pembe za ndovu mabegani, wakapiga kambi, wakangoja malipo. Mji ulikuwa na waungwana wake, majahazi yake, misikiti yake, na jumbe wake, Bwana Heri bin Juma, ambaye mwaka 1882 alilishinda jeshi lililotumwa na Sultani wa Unguja, na mwaka 1889 akapigana na Wajerumani hadi mji ukapigwa mizinga. Dar es Salaam wakati Saadani ina sifa hiyo ilikuwa mji mchanga ulioanzishwa na Sultani Majid katika miaka ya 1860, na alipofariki mwaka 1870 ukabaki umezubaa.

Katika pwani hiyo, aliyechekwa alikuwa anayetoka bara. Mnyamwezi aliyevaa ngozi, aliyekuwa hajawahi kuona bahari, aliyenunua kitambaa kwa bei aliyoambiwa, alikuwa mshamba wa enzi hiyo, ingawa waungwana walimwita kwa jina kali zaidi. Naye, kama Jim wa Johannesburg, alijifunza: akanunua kanzu, akajifunza salamu, akarudi kwao na maneno ya pwani, akawacheka wengine. Mzaha wa mshamba kwetu ulikuwa na umri wa vizazi kadhaa wakati kamera ya kwanza inashushwa melini.

Mgeni wa kutoka upande wa bahari naye hakusamehewa. Mwaka 1876 Roger Price wa Misheni ya London alikuja Saadani na wazo la kisasa kabisa: kwa nini mizigo ibebwe na watu vichwani, wakati kusini mwa Afrika inavutwa na ng'ombe? Akajaribu na ng'ombe wachache hadi Mpwapwa, akafika, akafurahi, akaandika kwamba njia ipo. Mwaka uliofuata msafara mkubwa wa mikokoteni ulipoingia porini, mbung'o waliwaua ng'ombe na mikokoteni ikakwama. Watu wa Saadani wangeweza kumwambia. Mtu aliyekuja na maendeleo mkononi hakumwuliza mwenyeji kuhusu nzi. Hicho ni kisa cha sinema, kina mwanzo, kina kati, na mjinga wake hakutoka kijijini.

Kilichoipindua Saadani ni reli. Wajerumani walihamisha makao yao kutoka Bagamoyo kwenda Dar es Salaam mwaka 1891. Mwaka 1905 ujenzi wa Reli ya Kati ukaanza Dar es Salaam, na mwaka 1914 ikafika Kigoma. Misafara ikafa, na bandari zilizoishi kwa misafara zikabaki na samaki na chumvi. Mjukuu wa muungwana aliyemcheka mpagazi akawa anapanda jahazi, baadaye lori, kwenda kutafuta kibarua Dar, akapokelewa na mjukuu wa mpagazi aliyekuwa amekwisha tangulia, amejenga kibanda, anajua njia. Na huyo wa pili ndiye aliyecheka. Kwa macho yangu, historia hiyo inaeleza kitu ambacho Muhogo Mchungu haikuweza kukisema, kwamba ushamba ni nafasi ambayo barabara humpa mtu, na barabara ikihama nafasi inahama pia.

Kuna mtu mwingine wa kuzungumziwa, ambaye haonekani kwenye filamu lakini anaweza kuigeuza yote. Ni msimulizi. Japani, wakati wa filamu za kimya, pembeni ya kitambaa alisimama benshi. Alisema maneno ya wahusika wote, alieleza, alitania, alilia. Watu walilipa tiketi kumfuata benshi kama wanavyomfuata mwimbaji, na jina la Tokugawa Musei lilijaza ukumbi kuliko jina la muigizaji. Filamu zenye sauti ziliwaondoa katika miaka ya 1930, baada ya migomo na ugomvi mwingi. Huku kwetu gari la sinema nalo lilikuja na msimulizi na kipaza sauti, kwa sababu filamu nyingi zilikuwa za Kiingereza au hazikuwa na sauti kabisa. Na zilipokuja kanda za video, msimulizi akafufuka: Kapteni Derek Mukandala, tuliyemjua kama Lufufu, alisimulia filamu za Kihindi, za Kichina na za Kimarekani kwa Kiswahili, na mabanda ya video hadi vijijini yakajaa sauti yake. Uganda wanao mpaka leo, na wanaheshimika sana.

Fikiria uwezo wa mtu huyo. Kitambaani mshamba anatapeliwa. Picha imetoka kwa serikali, haibadiliki. Lakini msimulizi, akiwa mtoto wa pwani na anawaona waliokaa mbele yake, anaweza kusema: jamani, huyu mwenzetu kaamini kwa sababu kwao mtu akisema ndiyo, ni ndiyo. Sentensi moja, na kamera imehamishwa kutoka stendi hadi ndani ya basi bila mtu kuigusa. Huenda ndiyo sababu mamlaka zilipenda maneno ya santuri na maandishi yaliyopitishwa. Mdomo wa msimulizi haukaguliki kirahisi.

Uhuru ulipokuja, nilitegemea kisa hiki kibadilike. Kilibadilika rangi zaidi kuliko mwendo. Kampuni ya Filamu Tanzania ilianzishwa mwaka 1968, na katika miaka ya 1970 ikatoka Fimbo ya Mnyonge, yenye mwanakijiji maskini anayekwenda Dar es Salaam kutafuta maisha, anashindwa, na anapata jibu lake katika kijiji cha ujamaa. Nia ilikuwa tofauti sana na ya mkoloni. Ujamaa ulimwambia mkulima kwamba yeye ndiye mwenye nchi, na hilo si jambo dogo, nalisema kwa heshima. Hata hivyo mshamba aliambiwa tena arudi. Na haikubaki kwenye sinema. Mwaka 1976, Kawawa akiwa Waziri Mkuu kwa mara nyingine, ilifanyika operesheni ya kila mtu afanye kazi, na watu wasio na ajira wakaondolewa Dar es Salaam kupelekwa vijijini. Mwaka 1983 ikaja sheria ya Nguvu Kazi. Mtu aliyeigiza mgeni anayepotea mjini alikuwa serikalini wakati wageni wa mjini wanapakiwa kwenye malori. Simlaumu Kawawa, tuliyemwita Simba wa Vita, kwa kuyasema hayo. Aliitumikia nchi hii hadi uzeeni na akafariki Desemba 31, 2009 akiwa anaheshimiwa na kila upande. Nataka tu tuone jinsi kisa kinavyoweza kuishi muda mrefu kuliko nia ya aliyekianzisha.

Aliyekivunja ni kizazi cha kaseti, redio na video. Pwagu na Pwaguzi wa Radio Tanzania walikuwa wachekeshaji wawili wasiokuwa na mwerevu wa kuwakosoa, na hapo hapo mzani wa mkoloni ulikuwa umekwisha kuharibika. Kisha Mzee Small, Said Ngamba, na baada yake, kwa ukubwa usiolingana na wa mtu mwingine yeyote, Amri Athumani wa Tanga, King Majuto, aliyezaliwa mwaka 1948 na kufariki Agosti 2018. Majuto alicheza wazee wa shamba mamia ya mara. Mzee wake ni mbishi, mchoyo, mwenye tamaa, anayejua methali zote na kuzitumia vibaya. Anatapeliwa, naam, lakini na yeye ni tapeli. Anafika mjini na harudi. Anakaa sebuleni kwa mwanawe mwenye kazi nzuri, anaamrisha chai, anamkosoa mkamwana, na nyumba ya kisasa ndiyo inayoanza kuhangaika. Hakuna afisa maendeleo angeruhusu filamu kama hiyo, kwa sababu ukitoka huna somo la kubeba. Una mzee tu, mzima mzima, na unamjua, na pengine umemwacha nyumbani.

Kwa Majuto kamera iliingia ndani ya basi, ikashuka na mzee, ikakaa naye sebuleni. Kuna safari moja tu bado haijapigwa picha vya kutosha, nayo ni ya kurudi kwa njia ile ile, mtu wa jiji akielekea kijijini. Naruse Mikio aliifanya mwaka 1935 katika Tsuma yo bara no yō ni. Binti wa Tokyo, amevaa kofia na suti ya kizungu, anapanda kwenda milimani kumrudisha baba yake aliyemwacha mama na kuishi na mwanamke mwingine. Anakwenda na hukumu yake tayari mkononi. Anamkuta yule mwanamke wa kijijini akifanya kazi kwa bidii na kwa siri akituma pesa Tokyo, zile ambazo binti mwenyewe alikuwa akiishi kwazo. Mna vichekesho ndani yake, vya baba asiyeweza kuchimba dhahabu na mama asiyeweza kuacha mashairi, lakini anayefundishwa ni wa jiji.

Saadani leo ni mahali pa kuipigia picha safari hiyo. Tangu mwaka 2005 kijiji kimezungukwa na Hifadhi ya Taifa, hifadhi inayogusa Bahari ya Hindi, ambamo tembo anaweza kutokea karibu na ufukwe. Ijumaa jioni magari ya Dar es Salaam yanashuka. Barabara ya Bagamoyo kwenda Saadani, Pangani na Tanga inajengwa, na Mto Pangani unawekewa daraja. Ikikamilika, jiji litafika kijijini kwa saa chache, likiwa na simu zake, miwani yake, na woga wake wa ngiri anayekatiza nyuma ya nyumba, ambaye watoto wa kijiji hata hawamtazami. Atashuka bwana mmoja kwenye gari lenye vioo vyeusi, ataulizia hoteli bila salamu. Mzee anayeshona wavu atanyamaza, aendelee kushona. Bwana atarudia swali kwa sauti kubwa zaidi. Mzee atamjibu, kwa upole wote wa pwani, waalaikumu salaam.

Pale Bagamoyo ipo TaSUBa, taasisi ya sanaa iliyotokana na chuo kilichofunguliwa mwaka 1981, yenye vijana wanaojua kuigiza, kupiga ngoma na kushika kamera. Waigizaji wengine wapo Saadani kwenyewe, wanavuta ngalawa. Kamera iwekwe upande wa yule mzee, karibu na wavu, na gari litazamwe linavyoingia.